Jina la Ndugu Yangu Kwenye Jiwe la Bustani

Asubuhi ya Jumanne ile nilikuwa napanga miche yangu kando ya Soko ya Mbuzi, hapa Kitengela, na ndugu yangu alikuwa ananicheka.

"Wewe unauza kivuli cha miaka kumi ijayo," akasema. "Mteja yuko na jua ya leo."

"Na wewe unauza mbuzi wa leo. Kesho atakuwa mfupa."

"Mfupa uko na supu. Jani la jakaranda liko na nini?"

Alikuwa amenizidi miaka miwili. Kila Jumatatu alienda kununua mbuzi upande wa Kajiado, na Jumanne aliwauzia wenye bucha. Mimi nilikuwa nimeacha shule kidato cha pili. Nilikuwa na miche kama mia moja kwenye mifuko ya plastiki, mingine mwarobaini, mingine migunga, mingine jakaranda, na kichwani nilikuwa na kitalu kikubwa chenye mabomba na kibao kilichoandikwa jina langu. Ndugu yangu aliniambia siku nikiweka kibao hicho yeye ndiye atakuwa wa kwanza kufunga mbuzi hapo.

Jina lake sitaliandika. Kwetu Wamaasai, na zaidi kwa watu wa mama yangu kule Rombo, mtu akishaaga jina lake haliitwi tena. Wengi sasa wamelegeza, pastor akitaja jina kwa mazishi hakuna anayemzuia. Mama yangu ni mtu wa kanisa, anaimba sauti ya kwanza, lakini hilo hajaliacha. Hata jina la baba sijawahi kulisikia kwa mdomo wake. Nililisoma kwa cheti changu cha kuzaliwa.

Siku hiyo ule uwanja wa kando ya soko ulikuwa bado uwanja tu. Wafugaji waliujua kama njia ya ng'ombe kwenda kwa bwawa, tangu babu zao. Watu wengine walikuwa na karatasi za ploti, na hao pia walikuwa wamenunua kwa jasho yao. Sisemi nani alikuwa na haki. Nimeshachoka kusema. Siku iliyotangulia, wenye ploti walikuwa wameleta fundi akazungusha seng'enge upande mzima wa chini.

Ilikuwa mwaka wa kiangazi. Saa nne hivi ng'ombe wa kwanza wakatokea, wametoka mbali, mbavu unaweza kuzihesabu ukiwa umesimama barabarani. Walikuwa wamenusa maji. Ng'ombe akishanusa maji huwezi kumgeuza. Walisukumana mpaka mmoja akanaswa na waya shingoni, akaanza kulia.

Kijana mmoja wa wafugaji akatoa panga akakata waya. Mwanamume mmoja wa ploti akamshika mkono. Sikuona ni nani alipiga kwanza, na nilikuwa karibu.

Mchana wote ilikuwa mawe. Barabara ikafungwa. Nyumbani kwetu kulikuwa mbali, ng'ambo ya uwanja, hatungeweza kupita. Ndugu yangu aliwafungia mbuzi wake kumi na mmoja kwenye zizi la mabati pale sokoni, halafu tukakimbilia stoo ya Mama Halima, mama wa kutoka Garissa aliyeuza madera na maziwa ya ngamia. Alitufungulia bila kuuliza sisi ni wa upande gani.

"Ingieni," alisema. "Viatu wacheni mlangoni, hata kama ni vita."

Ndani tulikuwa sita. Mama Halima na binti zake wawili, sisi, na mwanamume mnene aliyekaa juu ya gunia akiwa ameshika koleo ya kukatia waya. Anaitwa Mutiso. Ndiye fundi aliyezungusha ile seng'enge.

Ndugu yangu alipojua hivyo alimtazama muda mrefu. Mimi nikaogopa.

"Fundi," akamwambia, "ulifunga vizuri sana. Hata wewe mwenyewe umejifungia ndani."

Mutiso akajibu, "Mimi hupewa kazi, kijana. Sikupewa vita."

Mama Halima akacheka, na sisi wote tukapumua.

Jumatano watu wa pande zote walikuja na mishale na mapanga. Tuliona moshi wa nguzo za ule ua zikichomwa. Tulikula mikate ya juzi na maziwa. Binti mdogo wa Mama Halima aliuliza kama kesho kuna shule, na mama yake akamwongezea maziwa.

Alhamisi tukasikia bunduki. Mpaka leo sijui zilitoka wapi. Kila upande unasema ni za upande ule mwingine.

Bunduki si kama watu wanavyosimulia. Mwanzoni nilidhani ni mtu anayegonga mabati. Halafu Mama Halima akawavuta binti zake chini, na nikaelewa.

Katikati ya milio hiyo tulikuwa tunasikia mbuzi. Zizi lilikuwa hatua kama thelathini kutoka mlangoni, na ilikuwa siku ya tatu bila maji. Mwanzoni walilia wote pamoja. Kufikia Alhamisi mchana walikuwa wanalia mmoja mmoja.

Ndugu yangu alikuwa ameketi amejiziba masikio. Kulipotulia kwa muda, labda nusu saa, labda zaidi, akasimama akachukua jerikeni ya maji.

"Kijana, keti," Mama Halima akamwambia. "Mbuzi ni mali. Mali hurudi."

"Mama, wale hawajui kama kuna vita. Wanajua tu mimi sijakuja."

"Bro, wacha," nikasema.

"Dakika tano. Wewe chunga miti yako."

Akatoka.

Mlango ulikuwa na tundu la komeo. Niliweka jicho hapo.

Alitembea. Hakukimbia. Nafikiri alijua mtu anayekimbia hupigwa haraka.

Alifika. Alifungua zizi.

Mbuzi wakatoka wakamzunguka. Alimimina maji kwenye karai, akainama kumsukuma mkubwa ili mdogo apate nafasi.

Milio ilikuwa miwili.

Mbuzi waliruka kidogo, halafu wakarudi kwa karai. Waliendelea kunywa.

Nilijua nataka kutoka, lakini kuna kitu kilikuwa kimenishika. Ilikuwa mkono wa Mutiso, ameshika gauni langu nyuma kwa nguvu zake zote, na alikuwa analia kuliko mimi. Hakuniachilia mpaka kulipokuwa kimya kabisa. Halafu tukaenda sisi wawili. Yeye alimbeba mabegani, mimi nikabeba miguu. Ndugu yangu alikuwa mrefu.

Kesho yake serikali ilileta watu wengi na ikaisha. Vita vya siku nne. Mtu akisema hivyo inaonekana ni kitu kidogo.

Tulimzika kule Rombo kwa watu wa mama. Baada ya mazishi mama alitoa viatu na koti la ndugu yangu akampa mjomba, na tangu hapo ndugu yangu akawa "kijana wangu" tu, na hata hivyo si mara nyingi. Jirani yetu ana mtoto mwenye jina kama lake. Mama alimbadilisha jina, akaanza kumwita Dogo. Sisi wote tukafuata. Sasa hata mama yake humwita Dogo.

Ubishi wa ule uwanja ulikaa ofisini karibu mwaka mzima. Mwishowe kamati ya pande zote ikaamua usiwe wa wafugaji wala wa ploti. Wenye ploti wangepewa mahali pengine, ng'ombe wangetafutiwa njia nyingine, na hapo pangekuwa bustani ndogo ya mji, na katikati jiwe la ukumbusho la marumaru ya Kajiado, na majina ya waliokufa. Ilikuwa mara ya kwanza tangu vita nione watu wa pande zote wamekaa kwenye hema moja, ingawa viti walikuwa wameviweka mbali mbali.

Majina yalitafutwa hivi. Wazee wa wafugaji walileta orodha yao. Chama cha wenye ploti kikaleta yao. Ndugu yangu hakuwa na ng'ombe wala ploti. Alikuwa na mbuzi kumi na mmoja wa kuuza. Hakuna upande uliomwona kuwa wake.

Karani wa kamati alifanya vizuri, sitamlaumu. Alisikia kuna nyumba nyingine yenye msiba akaja mpaka kwetu na kitabu chake. Mama akampa chai.

"Mama, marehemu alikuwa anaitwa nani?"

"Alikuwa kijana wangu."

"Ndiyo mama. Pole. Jina?"

"Alikuwa kijana wangu wa kwanza."

Karani akanigeukia. Mama pia akanigeukia. Mimi nikaangalia kikombe. Karani ni kijana aliyezaliwa Kware huko Rongai, hakujua desturi zetu, na sikumweleza. Nafikiri aliona ni nyumba inayoficha jambo. Akafunga kitabu, akashukuru kwa chai, akaenda.

Kwa hivyo jiwe lilipofunuliwa lilikuwa na majina manane.

Kamati ilinunua miche yangu yote, halafu wakaniajiri niitunze. Watu walisema nina bahati, na kweli nilifurahi, nilikuwa nimeota kazi kama hiyo tangu utoto. Nilipanda migunga kwa mstari upande wa chini, pale seng'enge ilipokuwa. Jakaranda nikaiweka kwenye lango. Mahali zizi lilipokuwa sikupanda mti. Nilipanda nyasi tu, na nilizimwagilia kuliko pahali pengine.

Kazi yenyewe haikuwa ngumu. Kilichonichosha ni wageni. Walikuwa wanakuja, wanasoma jiwe, wanapiga picha. Siku moja mwalimu aliwaleta wanafunzi akawaambia, "Hapa walikufa watu wanane." Nilikuwa nimeshika mpira wa maji. Moyoni nikasema, tisa. Jioni nikisafisha jembe nikasema tena, tisa. Nikaona nikiendelea hivi, siku moja mimi mwenyewe nitafika kwa mtu nimwambie wanane, kwa sababu ndiyo hesabu ya kila mtu.

Mutiso ndiye aliyeanza. Alikuwa sasa kwenye kamati, upande wa wenye ploti, na ndiye alikuwa anatengeneza viti vya bustani. Alinikuta nikipalilia.

"Nasieku," akasema, "yule kijana nilimbeba mimi. Na jiwe linasema sikumbeba mtu."

"Mama hataki jina litajwe."

"Mama yako sijui nimwambie nini. Lakini mimi nikienda pale najisikia mwongo."

Nilikaa na maneno hayo wiki mbili. Nilijua ni jambo gani nachagua. Nikiacha, ndugu yangu angebaki nje ya hesabu, na siku sisi tukiondoka hakuna angejua alikanyaga hapo. Nikitoa jina, ningekuwa nimelitoa bila ruhusa ya mwanamke aliyemzaa. Ningemuuliza mama kwanza, ndiyo. Lakini kumuuliza kungetaka nimtaje, na nilijua jibu.

Nilienda kwa karani. Sikulitamka. Nilichukua kalamu yake nikaliandika kwenye karatasi, jina la kanisani na jina la nyumbani, nikaigeuza karatasi imtazame.

"Nisomee basi, nihakikishe herufi."

"Iko hapo," nikamwambia. "Fuata vile iko."

Nilijidanganya kwamba kuandika si kuita. Tena mama hakusoma shule hata siku moja. Kwake herufi ni kama nyayo za kuku. Nikafikiri, litakaa pale juu ya jiwe kimya, na hataamshwa mtu.

Fundi wa mawe akalichonga chini ya yale manane. Mutiso akaja akapangusa vumbi ya mawe kwa kiganja chake, taratibu, kisha akaenda zake bila kuniaga.

Baada ya hapo nikawa mwepesi, na nikafanya kosa lingine. Nilianza kumbembeleza mama aje aone miti yangu. Tangu vita hakuwa amekanyaga pale. Nilimwambia pamebadilika, kuna kivuli, kuna ndege. Alikataa miezi. Halafu Ijumaa moja akaja tu, mwenyewe, na shuka lake na mfuko wa shanga.

Nilimkalisha kwenye kiti kinachotazama migunga. Jiwe lilikuwa nyuma yake.

"Wewe ndiye umepanda hii yote?" akauliza.

"Yote, Yeyo," nikasema, ndivyo tunavyomwita mama kwetu.

"Na hii ya miba? Mbuzi wataipenda."

"Mbuzi hawaruhusiwi kuingia."

"Basi ni shamba la nani, kama mbuzi hawaingii?" Lakini alikuwa anatabasamu. Akatoa shanga akaanza kushona. Kabla ya kwenda aliniambia, "Hapa pamepoa, nakerai." Mwanangu.

Tangu siku hiyo alikuja kila Ijumaa. Alikuwa akishona, akiwasalimu akina mama wengine, akiuliza mti gani unaitwa nini. Hakuniuliza kuhusu jiwe. Alijua ni la wafu, aliliheshimu kwa kulipa mgongo. Na mimi niliwaza, nimewapata wote wawili mahali pamoja. Zile Ijumaa ndizo zilikuwa siku zangu nzuri kuliko zote tangu vita, na nililijua hilo nikiwa ndani yake.

Ilikuwa Ijumaa ya likizo. Msichana mdogo wa darasa la pili alikuwa na shangazi yake, shangazi yuko kwa simu, na mtoto hana la kufanya. Akasimama mbele ya jiwe, akaweka kidole kwa herufi ya kwanza, akaanza kusoma kwa sauti, vile watoto husoma, silabi moja, anapumzika, silabi nyingine.

Nilikuwa mbali, kwenye bomba. Nilimsikia akiwa kwenye jina la tano.

Niliacha maji yakimwagika nikaanza kwenda. Sikukimbia, ili mama asigeuke. Jina la sita. La saba lilikuwa refu, likamsumbua, nikashukuru. La nane.

Nilikuwa nimebakisha hatua kama kumi.

Alilisoma lote. Jina la kanisani, halafu la nyumbani. Lile la nyumbani lilikuwa gumu kwake, kwa hivyo alilirudia, mara ya pili akilipatia, kwa furaha, kama mtu anayemwita mwenzake aje wacheze.

Mkono wa mama ulisimama na sindano hewani.

Sikuwa nimesikia jina hilo miaka minne. Nilidhani nimelizoea kwa sababu nalipangusa kila asubuhi. Sikuwa nimelizoea.

Mama hakugeuka. Alichoma sindano kwenye kitambaa, akakusanya shanga, hata zile mbili zilizoanguka kwa nyasi alizitafuta akazipata. Halafu akaniangalia.

"Nani alimpa jiwe?"

"Ni mimi, Yeyo."

"Wakati gani?"

"Kabla uanze kuja."

Akafikiri hilo. Nafikiri alikuwa anahesabu zile Ijumaa zote, moja moja, amekaa pale na mgongo wake.

"Nilikuwa nimemlaza," akasema.

Akajifunga shuka akaenda nyumbani kwa miguu. Yule msichana akaniuliza kama amesoma vizuri. Nilimwambia ndiyo, umesoma vizuri sana.

Nyumbani mama hakunigombeza. Alinipikia, alinisalimia, aliniuliza kama kuna maji kazini. Ningependa angenigombeza. Nilisubiri mwezi mzima, halafu nikamuuliza Mutiso kama jina linaweza kutoka. Alisema liko hivi: fundi analeta mashine, anasaga ule mstari, jiwe linabaki laini, labda na kivuli kidogo. Sauti yake ilikuwa ya mtu anayenyang'anywa kitu chake, lakini alisema nikitaka ataleta fundi mwenyewe.

Nilienda nikamwambia mama. Alikuwa anakamua.

"Yeyo, wanaweza kulifuta."

Hakuacha kukamua. "Wewe ulitaka nini ulipolipeleka?"

"Nilitaka ahesabiwe. Walikuwa wanasema wanane."

"Mimi nilikuwa najua ni tisa."

"Wewe ndiyo. Wao hawakuwa wanajua."

Akakamua mpaka kibuyu kikajaa. Akakiweka chini, akakifunika.

"Ameshaamka," akasema. "Utamlaza na nini, mashine?"

Jina liko pale mpaka sasa. Wageni husema tisa, na kila wakisema mimi hujisikia vizuri kidogo, siwezi kukataa. Miti imekua. Niko na kitalu sasa, si kikubwa. Lakini kile kiti kinachotazama migunga kinakaliwa na watu wengine, maana mama hajarudi hata siku moja, na sijamwomba. Nilimtoa ndugu yangu mahali alipokuwa salama nikampeleka mahali anapojulikana. Bado sijui kama hayo ni mapenzi. Nikiwa mchanga kidogo ningesema ndiyo haraka.

Kila mwaka kamati husoma majina mbele ya watu, saa nne asubuhi. Siku hiyo huomba ruhusa nibaki nyumbani. Mimi na mama tunakaa mlangoni tunashona shanga, tunaongea juu ya mvua, juu ya kidonda cha shingo ya ndama, chochote. Saa nne ikikaribia maneno hutuishia. Kutoka kwetu huwezi kusikia kitu cha bustanini, ni mbali. Tunakaa tu kimya na sindano mkononi, mpaka tukadirie wamemaliza la nane, na la tisa, na watu wameketi.

Halafu mama husema, "Nipe ile nyekundu," na mimi humpa.